Mwenyewe Karidhia?

Zuwena mwanangu,

Barua huanza kwa kuulizana hali, na mie yako naijua. Saa hizi umo Jambiani uani kwa shangazi yako, umewekewa sinia la wali ambalo hukuliomba, na kila ukitaka kuinuka anakwambia, "Kaa, mwanangu, kwani boti ni leo?" Boti ni kesho asubuhi. Mie nimefunga duka mapema, nimeswali alasiri, nimekaa kwenye meza yako ya kusomea. Mwili mzima. Moyo ndio unaniruka.

Habari za dawa ya tumbo, za kanga ngapi uchukue na nani umfungulie mlango huko Bara, mama yako keshakupa zote na baadhi yake kakupa mara mbili. Sirudii. Mie nina jambo moja tu, na lina haraka.

Tangu juzi unazunguka kutaka radhi kama afanyavyo kila anayesafiri. Umekwenda kwa bibi yako kule Amani, umekwenda kwa ami zako, leo kwa shangazi. Magharibi ukirudi zamu ni yangu. Utakaa chini mbele ya kiti changu, useme, "Baba, nilipokukosea nisamehe, niwie radhi." Nakujua, utasema kwa adabu zako zote. Na mie nikikuacha uanze wewe, nitakuwa nimekudhulumu mara ya pili. Ndiyo maana naandika, nikuwahi.

Jambo lenyewe ni ile mashine ya gemu.

Unakumbuka ilivyokuja. Mjomba wako Seif kateremka kutoka Maskati na begi la zawadi, kila mtu kapata chake, wewe ukapata kile kidude cha kijivu cha mwanawe aliyekuwa kanunuliwa kipya. Ulikuwa na miaka kumi na minne. Ukakiwasha, kioo kikawaka, ndani hamna kitu. Mwanawe kumbe kachomoa kadi yenye michezo yote. Mjomba wako kaona haya mpaka kafuta jasho, ati, "Mwakani ntakuletea kadi." Ukamwambia, "Si kitu mjomba, michezo ntaitafuta mwenyewe." Nikacheka kimoyomoyo. Nilidhani unasema tu umpoze.

Mie nikakupa memori kadi kuukuu ya dukani. Ukaenda nayo Darajani kwa yule kijana anayejaza watu gemu za kunakili, gemu mia mbili kwa mkupuo. Jioni ukarudi na kadi tupu vile vile. Nikakuuliza, kafunga? Ukasema, "Hajafunga. Nimemuuliza wenyewe waliozitengeneza wamekubali, akanicheka."

Na mie nikakucheka. Nikasema, "Wee nawe, nani atatoka huko atokako aje akudai Unguja?" Maneno hayo nimeyasema kwa mdomo wangu huu. Ukaenda zako kuosha vyombo.

Halafu ndipo nilipoanza kuona mambo. Bi Kusum, mwenye ile nyumba ya wageni anayofanyia kazi mama yako, ulimwendea mwenyewe ukamwomba utumie mtandao wake wageni wanapokuwa pwani, wasije wakakosa wao kwa ajili yako. Yule mama, mtaa mzima unajua, hata jirani hamwazimi ngazi. Wewe alikuruhusu, na chai akakutilia. Kila siku baada ya chuo cha Kurani ulikuwa barazani kwake na simu ya mama yako na daftari, ukitafuta gemu za bure.

Mie nilidhani bure ni bure. Wewe ukanifundisha kwamba bure zina makabila. Iko bure ya kuonja, wanakupa mwanzo wa mchezo kama muuza halua anavyokukatia kipande, ukinogewa ununue. Iko bure yenye ndoana, mlangoni karibu karibu, ukishazama ndani kila hatua unaombwa kitu. Iko bure ya wizi, hiyo ndiyo ya Darajani. Na iko bure yenyewe, ya watu waliokaa wakatengeneza mchezo kwa kupenda kwao, wakauweka pale na kuandika chukueni. Ukanambia wako vijana duniani wanashindana kutengeneza gemu kwa siku mbili, wakimaliza wanazigawa, hawataki kitu, wanataka ucheze. Nikakuuliza, "Na wao wanapata nini?" Ukasema, "Baba, na wewe ukishinda keram unapata nini?"

Kesho yake nikakwenda kucheza keram na swali lako kichwani, na nikafungwa.

Wengine hawakuandika wazi kama wameridhia au vipi, na wewe hao hukuwaacha hivi hivi. Uliwaandikia. Yule aliyetengeneza gemu ya paka anayeruka mapaa, ulimwandikia kwa kamusi, neno baada ya neno, kumuuliza kama unaweza kuichukua. Siku kumi na moja ulikaa ukingoja jibu na gemu yenyewe iko pale, ungebonyeza mara moja tu ungekuwa nayo. Mama yako akawa anakuonea huruma. Siku ya kumi na mbili ukaja mbio mpaka dukani Mwanakwerekwe, umekosea hata kuvaa viatu, kimoja chako kimoja cha mama yako, ukasema, "Kakubali, baba. Na kauliza paka wa kwetu wana rangi gani." Furaha ile mie sijapata kuiona kwa mtu aliyepewa kitu. Nimeiona kwako kwa sababu ulipewa ruhusa.

Nilikuona bora kuliko mie, Zuwena, tangu siku ile. Sikukwambia. Badala yake nikakufanyia lile.

Hebu tulitaje kama lilivyokuwa. Watoto wa mtaa walianza kujipanga barazani petu kucheza kwa zamu, na wakubwa kidogo wakawa wanakuuliza wapate wapi za simu. Ukawa unawaonesha. Sasa Haroub, mtoto wa Bi Rukia jirani yetu, akachukua simu ya mama yake akaingiza kitu kilichoandikwa gemu elfu moja bure. Kesho yake Bi Rukia kaenda kwenye kisomo cha hitima, simu imo mkobani, kinamama wamenyanyua mikono kwenye dua, na simu ikaanza kupiga muziki. Kuitoa aizime, kioo chote wanawake nusu uchi wanakata viuno. Anazima, inawaka. Anaikalia, inaimba chini yake. Mama yako ndiye aliyenihadithia, alikuwepo, na mpaka leo akilikumbuka inabidi akae. Lakini Bi Rukia hakucheka. Alikuja moja kwa moja barazani petu baada ya alasiri, wanywaji kahawa wote wamekaa, akasema mwanawe kafundishwa na binti yangu.

Nikakuita. Ukaitika, "Naam, baba," ukatoka. Sikukuuliza chochote. Nikasema mbele ya watu, "Bure, bure, kila siku bure. Kumbe nimelea mwizi ndani ya nyumba, na sasa anasomesha wenziwe."

Mwizi. Nililitamka neno hilo. Hata yule muuza kahawa aliacha kugonga vikombe.

Hukujitetea. Ulikwenda ndani, ukaleta mashine, chaja yake umeiviringa vizuri na kuifunga kwa uzi, ukaniwekea mkononi kwa mikono miwili kama unavyompa mtu mkubwa kitu. Nikaitia kabatini dukani, nikafunga kwa ufunguo. Jioni ile ukala wali wako, ukaosha sahani, ukaniaga ukaenda kulala. Kama ungelia labda ningeshituka. Uliniacha na adabu yako, na mie nikaifanya ushahidi wa makosa yako.

Miaka minne imepita, mwanangu, nami nataka ujue kwa nini neno lile lilikuwa karibu hivyo mdomoni mwangu. Lilikuwa langu. Lilikaa kwangu miaka mingi likingoja mtu wa kubandikwa.

Duka langu unalolijua wewe ni la kutengeneza simu. Kabla ya hapo lilikuwa la kanda. Nilipokuwa kijana nilikuwa na redio mbili zenye kurikodi, nanakili kutoka hii kwenda ile, na sikuwahi kumuuliza mtu. Hakuna aliyekuwa akiuliza. Harusi moja kule Amani aliimba Bi Mwanamvua na kikundi chake cha wanawake. Nilikwenda na redio nimeificha ndani ya kikapu cha mikate, nikaiweka chini ya kiti, nikarikodi toka mwanzo mpaka mwisho. Kanda ile ilinitoa ushamba. Daladala zote za Mwanakwerekwe zilikuwa zinaipiga, na mie nikawa na jina.

Siku moja kaja mwanamke wa makamo, buibui lake safi, kasimama mbele ya meza.

"Shikamoo, Bi."

"Marahaba, mwanangu. Unayo kanda ya ile harusi ya Amani?"

"Ninayo, Bi. Na imesafika, utasikia mpaka pumzi."

Akataka moja, akalipa, nikampa. Akaigeuzageuza akatazama huku na huku. Nilikuwa nimeandika jina la duka langu kwa kalamu nyekundu, jina la mwimbaji sikuandika. Akasema, taratibu tu, "Nimekuja kununua sauti yangu. Kwangu sina hata moja."

Akaitia mkobani akaondoka. Zuwena, mie nilipokea malipo yake. Sikumkimbilia, sikumrudishia, nilibaki nimeshika kitambaa cha kufutia meza. Nikajiambia ntamwendea Ijumaa nimtake radhi. Ijumaa ikaja na mvua. Nyengine nikawa na homa. Nyengine nikaona haya, nikajiambia keshasahau. Niliendelea hivyo miaka, nikiijua nyumba yake, nikipita njia nyengine. Kisha nikasikia kafariki. Nikaenda mazikoni, nikabeba jeneza na wenzangu, na watu wakaniambia Mungu akulipe kwa wema wako.

Basi mtu huyo ndiye aliyekuwa amesimama barazani siku ile na kukuita mwizi. Nilivyosikia neno bure nilijiona mie na kikapu changu cha mikate. Yule aliyekuwa mbele yangu sikumwona kabisa.

Sasa nikwambie jinsi nilivyopata kukuona.

Masika ya mwaka juzi, dari la chumba chako lilipovuja nawe uko skuli, nilihamisha vitabu vyako nisije nikakuta uji. Daftari likaanguka, likafunguka. Nilikuwa silijui ndani. Nikakaa kwenye kitanda chako, maji yanadondoka kwenye ndoo, nikalisoma lote. Kila gemu ina mstari wake, na mistari umeipiga kwa rula. Jina lake. Nani kaitengeneza. Uzito wake. Inacheza bila ya mtandao? Ina ndoana? Na safu ya mwisho pembeni kabisa, kwa wino wa kijani: Mwenyewe karidhia?

Ndio. Ndio. Ndio, kajibu mwenyewe. Sijui, basi siichukui. Kurasa na kurasa hivyo, mtoto wa miaka kumi na minne, wala hakuna mtu aliyekuwa akikusimamia.

Na ukurasa wa nyuma nikaikuta ile ya Bi Rukia. Gemu elfu moja bure. Kwenye ndoana umeandika: Ndio, mbaya sana. Kwenye safu ya kijani: Mwenyewe hajulikani. Chini yake, kwa herufi ndogo: Nimemkataza Haroub mara mbili.

Ulikuwa umemkataza. Ungesema sentensi moja tu barazani pale na aibu ingerudi kwa mwenyewe. Hukumtaja mtoto mdogo mbele ya mama yake, aibu ukaibeba wewe.

Ungedhani nilikufuata siku ile ile skuli. Sikuja. Uliporudi nilikununulia bakuli la urojo, ukanambia ahsante baba, nikaona mambo yamekwisha. Ndivyo wanaume wa hapa tulivyo kwa watoto wetu, tunaomba msamaha kwa bakuli. Tunasema mzazi haombi radhi, anaombwa. Mie mwenyewe nimelisema hilo barazani kwa sauti kubwa, watu wakaitikia. Leo nasema ni uongo tuliopanga ili tupumzike.

Kisha mwezi wa Ramadhani uliopita kaja mteja dukani, kijana wa Fuoni, simu yake imepasuka kioo. Nilipoiwasha kuijaribu nikaona mikono miwili na vijiwe, mtu anarusha kimoja juu anazoa vyengine. Mdako. Nikamuuliza, gemu gani hii? Akasema, "Mzee, si ya binti yako hii? Wote tunacheza." Ulikuwa hukuniambia kama umetengeneza gemu. Sikulaumu. Nani angeniambia mie habari ya gemu?

Nimeicheza, Zuwena. Nimeicheza mpaka mama yako kaninyang'anya simu. Ile sauti ya vijiwe kwenye sakafu ni sakafu ya bibi yako kule Amani, ulikwenda ukairikodi, nimeijua. Bibi yako alikuwa anatufunga mdako sisi wanawe sote, na sasa kijana wa Fuoni asiyemjua anafungwa naye. Na pale mwanzo umeandika: Chukueni mcheze. Mwenyewe nimeridhia. Nilisoma hayo nikatoka nje ya duka, nikajifanya natazama mvua na mvua haikuwepo.

Chini yake kuna maneno mengine madogo. Inacheza kwenye simu, na pia kwenye mashine ndogo kama ile niliyokuwa nayo.

Niliyokuwa nayo. Hukusema aliyoninyang'anya baba.

Nilifungua kabati. Betri ilikuwa imevimba kama andazi, ikabidi niitoe kwa uangalifu isije ikaniunguza. Nimetafuta nyengine, nimekata waya, nimeunga, mara ya kwanza imewaka imezima, mara ya tatu imekaa. Vitufe nimevisafisha kwa pamba. Kadi ni ile ile, na paka wako wa mapaa bado yumo. Halafu nikataka kuitia gemu yako, na hapo ndipo nilipoona kazi uliyokuwa ukiifanya. Nilikuwa siwezi kukuuliza, basi nimefuata maelezo ya kupakua uliyoyaandika mwanzoni mwa daftari lako, hatua kwa hatua, barazani kwa Bi Kusum, wageni walipokuwa pwani. Niliomba ruhusa. Chai hakunipa.

Siku nne zimenipotea. Mara nimepakua kisichokuwa, mara nimekiweka pasipokuwa pake. Wewe ulikuwa ukiyafanya haya na umri ule, na lugha ya kuazima, kwa simu ya mama yako yenye kioo kilichopasuka. Wakikuuliza huko uendako umejifunzia wapi kazi hii, usione haya kutaja baraza ile. Mie nikiulizwa kesho mwanao kaenda wapi, ntasema kaenda kusomea kutengeneza michezo, na ntalisema kwa sauti ile ile niliyosemea lile neno, mahali pale pale, kahawa mkononi. Bi Rukia nshamwendea. Nimemsomea ukurasa wa nyuma. Akasema, "Na mie nilimpiga Haroub kwa kosa jengine kabisa." Kakuletea visheti, vimo kwenye begi la mkono.

Ukirudi kutoka Jambiani utaikuta barua hii juu ya sanduku lako, na mashine imefungwa kwa uzi ule ule, nilikuwa nimeuweka. Chini yake lipo daftari. Nimekuongezea mstari mmoja ukurasa wa mwisho. Rula imeniteleza, utanisamehe, hati yangu nayo unaijua. Nimeandika jina: mashine ya Zuwena. Aliyeichukua: baba yake. Ina ndoana: ndio, kiburi chake. Safu ya kijani sikuijaza. Hiyo siyo yangu kuijaza.

Huna lazima usiku huu. Ukitaka nenda na daftari Bara safu hiyo ikiwa tupu, uijaze mwakani, au usiijaze. Radhi zangu mie unazo tangu ulipozaliwa, wala hukuwahi kuzipunguza, basi hilo usije kuniomba. Usikae chini mbele yangu. Kaa kwenye kiti, mie ndiye ntakayekaa chini.

Nipo ukumbini, nimeshika gazeti. Kalamu ya kijani nimekuachia juu ya daftari.

Baba yako